Shamba Lisiguswe Mpaka Shauri la Ng'ombe Liishe

Ilongero, 9 Agosti 1953

Mdogo wangu Yustina,

Kabla ya salamu natangaza kwako, na kwa watu wote wa Itigi, wa reli na wasio wa reli, kwamba mimi Zefania, mtoto wa kwanza wa marehemu mama yetu, tangu Jumamosi iliyopita ni mtu mwenye mwavuli. Ni mweusi. Unafunguka na kufungika. Mhindi wa Singida aliyeniuzia anasema umetoka Ulaya, nami sikumbishia, maana hata mimi napenda uwe umetoka Ulaya. Watu wamekuja kuutazama. Mmoja akauliza kwa nini mtu anunue mwavuli Agosti, mwezi ambao hata vyura wamesahau mvua. Nikamwambia mwavuli huu si wa mvua, ni wa baraza.

Sisi hatujambo. Damari mke wangu anakohoa asubuhi, mchana anagomba kama kawaida, kwa hiyo hatuna wasiwasi. Filipo mwanangu amekuwa mrefu, na ameanza kuuliza watu wanafuga ng'ombe wangapi. Kijana akianza hivyo, unajua anataka kuoa. Mimi zizini sina kitu ila kupe wanaongoja ng'ombe.

Sasa neno lenyewe. Nimemshtaki Mughwai. Wewe habari unazijua, lakini nakuandikia kama nilivyomweleza karani wa baraza, kwa sababu nilieleza vizuri. Nilipokwenda kukata mkonge Tanga, nilimwacha mama akilima shamba lake, lile tunaloliita Kwa Mama. Mama akafariki mimi nikiwa huko. Mughwai jirani yetu akasogeza zizi lake, akalilima. Nimerudi, namwambia asante kwa kulitunza, yeye anasema shamba lilikuwa limekufa, amelifufua kwa samadi ya ng'ombe wake, kwa hiyo ni lake. Nikamwambia karani aandike kwamba shamba la mama yangu limechukuliwa kwa mavi. Karani alikataa neno hilo. Aliandika samadi.

Bila shamba hilo, Yustina, tunakula kile kipande cha mawe nyuma ya nyumba, na mawe tumeshayachoka.

Jambo dogo la mwisho. Ng'ombe mmoja wa Mughwai, mwekundu mwenye tumbo jeupe, aliingia uani akala uwele tulioanika. Nimemfunga zizini mwangu mpaka bwana wake aje aombe radhi. Hajaja. Ng'ombe ana maziwa. Damari anasema si vizuri kumkamua mfungwa, lakini anakunywa.

Msalimie shemeji Ignas.

Kaka yako,
Zefania


Itigi, 30 Septemba 1953

Kaka Zefania,

Shikamoo. Shikamoo na kwa wifi Damari, na pole yake ya kifua. Achemshe majani aliyokuwa akichemsha mama.

Sisi wazima. Ignas sasa yuko zamu ya usiku, anabadili njia za reli, na mchana analala, kwa hiyo nyumba yetu ni ya kunong'ona. Mimi nauza uji na viazi kwa abiria. Gari moshi likichelewa uji unapoa, likiwahi hawashuki. Mwavuli hongera.

Habari za shamba nimesikia. Mungu akusaidie.

Kuhusu ng'ombe, mrudishe, kaka. Mpeleke jioni hadi mlangoni kwa Mughwai bila maneno. Yule mwenye pembe iliyoinamia jicho hapendi kufungwa peke yake, atakonda. Na usimwambie mtu yeyote kwamba ulimkamua.

Mdogo wako,
Yustina


Ilongero, 8 Novemba 1953

Mdogo wangu Yustina,

Salamu. Hatujambo, ila mimi ni mwizi.

Barua yako ilikuja na lori la mahindi ilhali nimekwisha chukuliwa. Mughwai hakuja kuomba radhi. Alikwenda kwa jumbe, na jumbe akaja na watu, wakamkuta ng'ombe zizini mwangu na Damari chini yake na kibuyu. Kosa langu ni moja tu, nalo kila mtu hapa ananikumbusha: mnyama akila chakula chako unamwonyesha jumbe siku hiyohiyo. Mimi nilikuwa na hasira, nikasahau, halafu nikazoea maziwa. Sasa nimeandikwa kule boma kwa Bwana Shauri kwamba nimeiba ng'ombe. Si kwa baraza letu, ni Singida, mbele ya mzungu. Nikishindwa ni jela.

Lakini sikiliza yaliyofuata. Siku ya shauri la shamba nilikwenda barazani na mwavuli. Karani akasimama akasoma kwamba shauri la shamba linasimamishwa, lisisikilizwe hata neno, mpaka lile la ng'ombe liishe boma. Nikauliza kwa nini, shamba halina miguu wala halikuiba mtu. Mzee mkuu wa baraza akanieleza taratibu, kama mtu anayemlisha mgonjwa. Mughwai anadai shamba kwa samadi ya ng'ombe wake. Mimi nimeitwa mwizi wa ng'ombe katika kundi hilohilo. Bwana Shauri akisema kundi ni la mtu fulani, baraza haliwezi kusema ni la mtu mwingine. Kwa hiyo wanangoja mzungu aseme kwanza, ndipo nao wajue walichokuwa wakikijua.

Na wamezidi. Mpaka hapo hakuna jembe kuingia Kwa Mama, si langu wala la Mughwai. Jumbe amechomeka matawi ya minyaa pembe zote. Watu wanatayarisha mbegu, Yustina. Mawingu yanaanza kukusanyika upande wa Iramba.

Kuhusu pembe iliyoinamia jicho, umesema kweli, imeinama. Sikumbuki kama nilikuandikia habari za pembe. Lakini nimezeeka, huenda niliandika.

Nami nikuongezee jambo uliloniandikia nusu. Sikio lake la kushoto limechanjwa mara mbili upande wa chini. Kwa akina Mughwai wanakata ncha ya sikio la kulia, tangu babu yao. Mchanjo ule nimewahi kuuona nyumba moja tu. Mama alikuwa akiwashika ng'ombe wake shingo yeye mwenyewe, akiwachanja, wewe umeshika mkia, mimi nimekimbia.

Mughwai ameapa ng'ombe ni wake. Sijasema neno la sikio kwa mtu.

Kaka yako,
Zefania


Itigi, 20 Januari 1954

Kaka Zefania,

Shikamoo. Barua yako ilifika kabla ya Krismasi. Nilikuwa na homa, halafu nikawa na kazi, halafu ikawa mwaka mpya.

Ignas anakusalimu. Yeye ndiye anayezichukua barua stesheni, na huzisoma kwanza, anasema unaandika vizuri kuliko karani wa reli. Alicheka sana habari za kibuyu. Aliniuliza habari za sikio maana yake nini, nikamwambia ni mambo ya wazee. Kwa hiyo usichoke kutuandikia habari za kawaida, zinamfurahisha.

Shangazi yake Ignas amekuja kukaa. Kila asubuhi ananitazama tumbo kabla ya kuitikia salamu. Anasema kule kwao Manyoni kuna binti wa jamaa yao, mwenye adabu, anajua kutwanga. Ignas anamsikiliza mpaka mwisho. Mimi namwandalia shangazi maji ya kuoga.

Poleni na shamba. Kama mvua imenyesha, mngelima hata pembeni.

Mdogo wako,
Yustina


Ilongero, 14 Februari 1954

Yustina,

Barua hii nampa dereva wa lori mkononi, akupe wewe mkononi, pale unapouza uji. Nimemwambia akikuta mwanamume ameshika mwiko asimpe.

Mvua ilinyesha. Ilinyesha vizuri, mvua ya kumtia mtu kichaa. Uwele wa majirani umefika magotini. Kwa Mama kuna magugu mazuri, yamenawiri kweli, hapo ndipo utaona samadi ilikuwa samadi. Pembeni hatuwezi kulima, mtu wa jumbe hupita. Damari ameanza kupika mlenda mwingi na ugali mdogo, na hagombi tena. Hilo ndilo linalonitisha.

Kila asubuhi nakwenda kusimama upande wangu wa shamba. Mughwai naye husimama upande wake. Tunatazama magugu, hatusalimiani, halafu kila mtu huenda zake. Watu wakipita wanadhani tumepewa kazi ya ulinzi. Juzi nikavuka, nikamkuta ameegemea fimbo.

Nikamuuliza, "Mughwai, yule ng'ombe ni wako?"

"Nimeapa ni wangu."

"Nimekuuliza, sikukuapisha."

Akagonga gugu kwa fimbo. Kisha akasema, "Zefania, mama yako nilimzika mimi. Wewe ulikuwa kwenye mkonge." Akaondoka.

Mimi nikarudi upande wangu.

Lakini nimekaa nikifikiri, maana muda ninao, shamba sina. Wewe unajua desturi yetu ya kuwekesha. Mtu ana ng'ombe wake, hataki ndugu zake wawajue, anawaweka kwa mwingine. Yule aliyewekeshwa anakunywa maziwa, anachukua samadi, na mdomo anaufunga. Akiulizwa ng'ombe wa nani, anasema wangu. Siku akimtaja mwenyewe, hakuna atakayemwekea tena hata mbuzi, yeye na watoto wake. Sasa mtu kama huyo akipelekwa mbele ya mzungu na Biblia, ana njia mbili tu. Mughwai amechagua yake, na mwisho wake ni mimi kufungwa.

Bwana Shauri ametupa siku mwanzoni mwa Mei, barabara ikikauka.

Sikuulizi neno lolote. Nakueleza habari tu.

Zefania


Itigi, 3 Aprili 1954

Kaka,

Shikamoo. Dereva ananingoja, naandika haraka.

Ni wangu. Yule mwekundu ni mjukuu wa mtamba wa mama. Mama alipokuwa amelala ule ugonjwa, mimi nilikuja kumwuguza, wewe tulikutumia habari hukuja. Siku moja aliniambia nimwite Mughwai. Akasema mbele yake, mtamba huyu ni wa Yustina, Zefania atapata shamba na nyumba na kila kitu, huyu ni wa Yustina. Mughwai akaniuliza ampeleke wapi. Nikamwambia kaa naye wewe.

Unajua kwa nini sikumwacha kwako, kaka. Ungerudi ungesema ng'ombe wa mama ni wa mtoto wa kiume. Ungemwozea Filipo. Ungefanya kwa roho nzuri, na mimi ungeniletea mguu wa mbuzi wa arusi.

Wamezaa, sasa ni kundi; Mughwai huwachanja alama ya mama, na kabla hujarudi alinionyesha mmoja mmoja. Ignas hajui. Nimeolewa miaka mingi, sina mtoto, na najua jinsi mlango unavyofunguliwa kwa mwanamke asiye na mtoto. Nilikuwa nawahesabu usiku hao ng'ombe, nikisikia gari moshi. Nilijua nikiambiwa nenda, nina pa kwenda kwa miguu yangu mwenyewe, si kwako wala kwa mtu.

Hilo la samadi sikulifikiri. Mimi nilifikiri ng'ombe, sikufikiri kinachotoka nyuma yao.

Usimwambie Mughwai kwamba nimekuandikia. Amenyamaza kwa ajili yangu. Nipe muda niwaze.

Yustina


Ilongero, 6 Juni 1954

Mdogo wangu Yustina,

Ulipanda lori kabla sijakuaga, kwa hiyo nakuaga kwa barua. Na ninakuamkia, ingawa wewe ni mdogo.

Nilikuwa sikutegemei. Siku ile boma, karani alipoita kama kuna shahidi mwingine, nilikuwa nikimtazama askari mwenye funguo, nikijizoeza. Ndipo nikakuona umesimama na kanga ya safari, vumbi la Itigi kichwani. Mkalimani alipokuuliza unajuaje ng'ombe huyo, ukasema, "Ni wangu. Mama alinipa. Mughwai ananitunzia, na kaka yangu amemfunga ng'ombe wa dada yake, sina lalamiko." Moyoni nilitaka kusimama niseme mwanamke harithi ng'ombe. Nakueleza ukweli, mdomo ulikuwa umekwisha funguka. Mwavuli ukaniponyoka, nikainama kuuokota, na nilipoinuka Bwana Shauri alikuwa amekwisha andika.

Hukuona yaliyofuata. Mimi nikaachiwa. Mughwai akaulizwa kwa nini aliapa uongo. Akasema hakuelewa swali. Wakalirudia, hakuelewa tena. Walimweka mahabusu. Ametoka wiki iliyopita amekonda, nikampelekea uji wa uwele, akaunywa wote, na mpaka leo ukimuuliza ng'ombe wale wa nani anasema ni wake. Dunia nzima inajua ni wako, yeye bado ameufunga mdomo.

Shauri la shamba sasa litaamshwa, lakini baraza linangoja karatasi ya boma, na karatasi ya boma inangoja karani wa boma, na karani wa boma anaoa. Msimu ule umekwisha kupita. Tumevuna kile cha mawe. Ni kidogo.

Kwa nini huandiki? Ignas yu hali gani?

Kaka yako,
Zefania


Itigi, 12 Septemba 1954

Kaka Zefania,

Shikamoo. Barua yako nimeipata juzi tu, ilikuwa imewekwa juu ya kabati la shangazi.

Ignas alisikia kwa watu wa lori hata kabla sijashuka. Hakunipiga. Watu wanasema nishukuru. Siku nyingi akawa anasalimia paka tu. Kisha akasema mwanamke mwenye zizi lake hahitaji nyumba ya mwanamume, na akaenda zamu. Yule binti wa Manyoni ameletwa. Ana adabu kweli, aliniamkia.

Niko kwa Theodora, yule mama anayeoka mikate karibu na stesheni. Ninamkandia unga. Usiniandikie tena kwa Ignas.

Sijutii kwa ajili yako. Ila usiku sihesabu ng'ombe tena. Naona kila mtu anawahesabu, kwa hiyo hawalali kwangu.

Kama unataka kuwachukua kwa ajili ya Filipo, niambie wazi, usiniandikie habari za masikio.

Yustina


Ilongero, 19 Desemba 1954

Mdogo wangu Yustina,

Salamu nyingi kwako na kwa mama Theodora. Damari anakohoa, lakini jana amegomba, tumefurahi.

Baraza limekata shauri. Wazee walikaa tangu asubuhi, karatasi ya boma ikasomwa, halafu wakaulizana samadi ni ya nani. Mughwai mwenyewe alikuwa amesema mwenye samadi ndiye mwenye shamba, na mimi, kwa ujuaji wangu, nilikubali maneno hayo palepale, nikidhani yatamnasa. Basi mzee mkuu akasema ng'ombe ni wa uzao wa mtamba wa mama, samadi yao imerudi shamba la mama, na Mughwai alikuwa mchukuzi tu. Shamba ni la nyumba ya mama yenu, akasema, na nyumba hiyo ina watoto wawili. Akanitazama mimi. Karani akaandika majina mawili. Langu limetangulia, lakini ni kwa sababu ya umri.

Mughwai hakukata rufaa. Tulipotoka aliniuliza jambo moja tu, samadi ya mwaka huu ataichukua nani. Nikamwambia tugawane. Akasema atafikiri. Kesho yake asubuhi alikuja upande wangu wa shamba, akang'oa matawi ya minyaa ya jumbe, akaniachia mengine niyang'oe mimi.

Sasa jibu lako. Ng'ombe wako wabaki kwa Mughwai. Filipo alikuja kuniambia zizi la shangazi yake, yaani wewe, limejaa na arusi ni moja tu. Nikamwambia aende mkonge kama nilivyokwenda mimi, ila mama yake akiugua arudi. Usiwalete ng'ombe hao kwangu, Yustina, hata nikikuomba. Ningewala. Ningekuletea mguu wa mbuzi.

Lakini wewe njoo. Hukuniomba, najua. Ulisema hutaki kwenda kwangu wala kwa mtu, nami sikuiti kwangu. Shamba lina jina lako, na upande wako ni ule wa kaburi la mama, ambako magugu yalinawiri kuliko kote. Pale penye zizi la zamani la mama panafaa nyumba. Filipo ameanza kukata miti kabla ya safari, kwa hasira, lakini miti ni mizuri. Upande wako tumeulima tayari, mimi na Mughwai, hatukusemezana.

Nitakungoja kwenye kituo cha lori. Utanitambua kwa mwavuli, bado mpya kabisa.

Kaka yako,
Zefania

Nilisahau: mvua haijanyesha. Hakuna aliyepanda, hujachelewa.